Siku moja maishani mwangu: Jumapili ya kushika njia, gari la Amman lipite

Saa 10 alfajiri

Siku ya zefe huwa sihitaji kengele ya simu. Naamka mwenyewe, nasali, nachemsha chai ya tangawizi, nafunga mahamri ya jana kwenye kopo. Navaa viatu vyenye chuma kidoleni, mtandio, na juu yake kizibao cha rangi ya chungwa kinachong'aa taa za magari zikikimulika. Mimi ni mzaliwa wa Lamu, na kazi yangu hapa London ni kufunga barabara.

Nasema zefe kwa makusudi. Kwetu neno maandamano lina harufu ya siasa na moshi wa machozi. Watu wa dini wakitoka msikitini na dufu na matari, Maulidi yakielekea msikiti wa Riyadha, hilo ni zefe, na njiani wanaoondolewa ni punda tu. Sheria ya Kiingereza haigawi hivyo. Ina neno moja la msafara wa watu mahali pa hadhara, na ndani yake wamo wote: wanaodai mishahara, wapiga tarumbeta, na waabudu wa mungu wanaotoka hekaluni mara moja kwa mwaka. Leo ni zamu ya hawa wa mwisho.

Saa 11 na nusu

Karakana. Tunapakia lori: vizuizi vya chuma, koni, mifuko ya mchanga, vibao vya njia mbadala. Mwenzangu ni Mkongo wa Bukavu, ananiita dada, nami namwita kaka, ingawa Kiswahili chake na changu wakati mwingine hupishana kama madau mawili. Msimamizi anatugawia karatasi, amri ya kufunga barabara.

Kazi ni West Ealing, magharibi ya London, kwenye hekalu la Kitamil la Kanaga Thurkkai Amman. Kila Agosti waumini wao, wengi wakiwa Watamil waliotoka Sri Lanka kwa sababu ya vita, humtoa nje mungu wao wa kike, Amman, humweka juu ya gari refu la mbao lililopambwa maua, wakalikokota kwa kamba hadi barabara kuu ya Uxbridge na kulirudisha. Gari lenyewe huliita *ther*. Maelfu huja.

Karatasi ile ndiyo inayotupa mguu wa kusimamia. Halmashauri hufunga barabara kwa matukio ya namna hii chini ya kifungu cha 16A cha sheria ya usimamizi wa barabara ya 1984, kifungu kilichoongezwa mwaka 1994. Amri haiwezi kuzidi siku 3, na kipande kile kile cha barabara hakifungwi kwa njia hiyo zaidi ya mara moja kwa mwaka mpaka wakubwa wa juu waridhie. Kwa hiyo hekalu likikosea tarehe, haliombi tena wiki ijayo. Hilo watu wengi hawalijui. Mwaka mzima umebanwa ndani ya Jumapili moja, saa 2 asubuhi hadi saa 12 jioni.

Saa 1 asubuhi

Kabla ya kufunga chochote tunatembea njia nzima kwa miguu. Anayetuongoza ni mzee wa Jaffna, Sri Lanka, mkuu wa watu wa kujitolea wa hekalu. Namwita *ayya*, kama wanavyomwita wenzake, neno la heshima kwa mzee. Yeye ananiita *amma*, yaani mama, nami ni mdogo kuliko binti zake. Mungu wao naye anaitwa mama. Mara ya kwanza niliposikia nilidhani amekosea mtu.

Ayya anabeba ufagio. Haangalii vibao vyangu, anaangalia lami. Nyuma ya gari kutakuwa na wanaume wanaobingirika chini kwa mwili wao wote, vifua wazi, kutimiza nadhiri. Kipande kimoja cha chupa ya bia ya jana usiku kinatosha kumpasua mtu. Anainama, anaokota kioo kidogo kama punje ya mchele, ananionyesha kwenye kiganja, kisha anakitia mfukoni badala ya kukitupa. Nikamuuliza kwa nini. Akasema nikikitupa, upepo utakirudisha.

Baada ya chini, juu. Mwenzangu ana fito ya kupimia. Gari limepimwa, na kila tawi, kila taa ya barabarani, kila mkono wa taa za kuongozea magari lazima upimwe nao. Hili nalichukulia kwa uzito mkubwa. Aprili 2022, katika kijiji cha Kalimedu karibu na Thanjavur, Tamil Nadu, India, gari la hekalu liligusa waya wa umeme mkubwa usiku wa sherehe, na watu 11 wakafa, watoto wakiwamo. Hapa Ealing nyaya za namna ile hazipiti juu ya barabara, lakini nilipoona picha za gari lile lililoungua nilijiambia kuwa fito ile haitabaki tena ndani ya lori nikiwa kazini. Leo tumekuta tawi moja la mti limeshuka. Watu wa halmashauri walikuja na msumeno, dakika kumi, limekwisha.

Saa 2

Tumefunga. Basi la mwisho la 207 limepita, tukavuta vizuizi, tukaweka mifuko ya mchanga kwenye miguu yake.

Dakika ya tatu akaja dereva wa gari jeupe, kioo kimeshushwa. Akataka kujua mimi ni nani hata nimzuie. Ni swali la haki, na nimejifunza kulijibu kwa utulivu. Mimi si polisi. Konstebo akikuamuru usimame, usiposimama umevunja sheria. Wapo pia watu wasio polisi waliopewa idhini ya kuelekeza magari, chini ya sheria ya mageuzi ya polisi ya 2002, lakini mimi sina idhini hiyo. Nguvu yangu yote iko kwenye amri iliyofungwa kwenye nguzo na kibao cha duara chenye ukingo mwekundu. Nikamwonyesha nguzo. Nikamwambia, "Hii karatasi imekaa hapa wiki mbili. Njia mbadala ni ile, itakuchelewesha dakika sita." Akasoma. Akageuza.

Kinyozi mwenye duka pembeni alitoka akasimama mlangoni na mikono kiunoni. Yeye hakupiga kelele. Alisema Jumapili ndiyo siku yake, na leo hakuna mteja wa gari atakayefika. Nikamuuliza kama alipata barua ya taarifa. Akasema hapana. Nikaandika jina la duka kwenye daftari la siku, saa na maneno yake. Ana haki. Kumfungia mtu mlango wa riziki bila kumwambia mapema ni kosa, hata kama amri imetimia kila herufi, na nitahakikisha neno lake linafika kwenye kikao cha tathmini.

Saa 3 na nusu

Sajenti wa polisi amefika na konstebo wachache. Watu hudhani polisi ndio wanaotoa kibali cha msafara. Hapa Uingereza sivyo. Sheria ya utulivu wa umma ya 1986, kifungu cha 11, inataka waandaaji wa misafara ya kampeni au ya kuadhimisha jambo wape polisi taarifa ya maandishi siku 6 kamili kabla: tarehe, saa ya kuanza, njia, na jina na anwani ya mwandaaji mmoja. Ni taarifa, si ombi. Nyumbani Kenya nako sheria ni ya taarifa, si chini ya siku 3 wala zaidi ya 14, ingawa ukisikiliza mitaani utadhani ni ruhusa ya kuombwa kwa magoti.

Na sheria ile ya 1986 inasema zaidi. Msafara unaofanyika kwa desturi katika eneo lile haulazimiki hata kutoa taarifa hiyo. Zefe la Amman ni desturi ya miaka mingi. Ayya angeweza kukaa kimya. Lakini kila mwaka wanaandika, miezi mingi kabla, wanakwenda kwenye kikao cha ushauri wa usalama wanakokaa polisi, zimamoto, gari la wagonjwa, watu wa mabasi na halmashauri. Kikao chenyewe hakina nguvu ya kisheria ya kukataza kitu. Ni meza tu. Mimi naamini meza ile inafanya kazi kubwa kuliko vifungu vyote, maana pale ndipo mtu wa zimamoto anapomwambia mtu wa hekalu, uso kwa uso, kwamba anahitaji njia ya mita 3.7 iliyo wazi muda wote, na yule anauliza, "Hata gari likisimama kwa sala?" na wanaelewana kabla jua halijachomoza siku yenyewe.

Polisi wana meno, bila shaka. Ofisa mwandamizi aliyepo akiona kuna hatari ya fujo kubwa, uharibifu mkubwa wa mali au maisha ya watu kuvurugika vibaya, anaweza kuweka masharti papo hapo: njia hii siyo, mwisho hapa. Tangu 2022 hata kelele zimeingizwa kwenye sababu hizo. Leo sajenti ameuliza jambo moja tu: gari litatoka saa ngapi kweli, siyo saa iliyoandikwa. Ayya akamwambia saa 4 na robo. Karatasi inasema saa 4.

Saa 4 na robo

Limetoka.

Kwanza unasikia kombe la baharini likipulizwa, kisha ngoma, kisha nagaswaram, zumari ndefu ambayo mtu wa Lamu akiisikia moyo unaruka. Kisha harufu: kafuri, ubani, asmini. Wanawake wamesuka asmini kwenye nywele kama mama zetu. Wengine wamebeba vyungu vya moto mikononi, wengine vyungu vya maziwa kichwani. Wanaume wana *kavadi* mabegani, kitu cha mfano wa mzega, lakini kimepindwa kama upinde na kuvikwa manyoya ya tausi.

Mimi macho yangu yako kwenye magurudumu. Gari hili halina usukani. Linakokotwa kwa kamba mbili ndefu na mamia ya mikono, na linapohitaji kupinda kona, kazi ni ya watu wachache wanaotembea wameinama ubavuni mwa magurudumu na kabari za mbao. Leo nilisimama hatua nne kutoka kwa mmoja wao. Kabari yake ina mpini kama wa mwiko mkubwa, na upande unaogusa gurudumu umekuwa mweusi, unang'aa kwa grisi. Anaisukuma chini ya gurudumu la kushoto, upande ule unagoma, upande wa kulia unaendelea, na mnara mzima wa maua unageuka taratibu. Kisha anaivuta haraka. Akichelewa, vidole vinabaki chini. Haongei. Anamtazama mwenzake wa ng'ambo kupitia chini ya gari, na wanapeana ishara kwa kidevu. Nafasi kati ya gurudumu na umati ni ya kwangu kulinda: hakuna mtu, hakuna mtoto, hakuna simu inayopiga picha, mita mbili kila upande. Mwenye kabari akitaka kurudi nyuma lazima akute lami tupu.

Mbele ya gari wanavunja nazi. Siyo moja mbili, ni marundo. Wanazipiga chini kwa nguvu, maji yanaruka, vifuu vinatawanyika. Mtu wa pwani hawezi kuona nazi zikivunjwa hivyo bila kitu kumgusa. Lakini maji ya nazi juu ya lami yanateleza kama sabuni, na nyuma wanakuja watu pekupeku na moto mikononi. Ndiyo maana vijana wa hekalu wenye mafagio na matoroli wapo kwenye mpango wa usalama kwa maandishi, idadi yao na mahali pao.

Saa 6 mchana

Hili ndilo nitakalolikumbuka.

Mama mmoja muuguzi, wale wanaozunguka majumbani, amefika kwenye kizuizi changu na gari lake dogo. Ana mgonjwa wa sukari ng'ambo ya barabara, mzee anayeishi peke yake, anasubiri sindano ya insulini kabla ya chakula cha mchana. Njia mbadala imejaa. Na gari la Amman limesimama katikati kwa sala, watu wamepiga magoti.

Niseme kwa nini mikono yangu ilitetemeka. Miaka kadhaa nyuma, kwenye tamasha jingine kabisa ambalo sitalitaja, njia ya dharura ilikuwa imeandikwa vizuri kwenye mpango, imechorwa kwa rangi. Ila hakuna aliyewaambia wenye meza za chakula. Walizipanga juu yake. Gari la wagonjwa lilipofika likasimama, nami nikakimbia mbele yake nikisukuma meza kwa mikono, sufuria zikianguka. Aliyekuwa anasubiriwa alipona, alhamdulillahi, lakini sauti ya king'ora kisichosonga bado naisikia.

Nikamwambia muuguzi aache gari hapa, achukue mfuko wake. Nikaita kwenye redio. Ayya akajibu kabla sijamaliza: msipite mbele, pita nyuma. Mbele ya gari kuna kamba na watu waliozishika, na hakuna anayependa kukatisha kati ya mungu na waabudu wake. Nyuma, baina ya gari na wanaume wanaobingirika, huachwa uwazi. Tulipofika, ayya alikuwa amekwisha inua mkono. Vijana kumi hivi wakashikana mikono, safu mbili, kichochoro katikati. Mwanamume aliyekuwa akibingirika, mwili umejaa vumbi na majivu, alisimamishwa kwa kuguswa begani. Alibaki amelala kifudifudi, mikono mbele, akingoja. Muuguzi akampita akisema samahani, samahani. Yule mtu hakuinua uso, lakini alisogeza kidole chake, kama kusema nenda.

Haikufika dakika moja. Sajenti alikuwa ng'ambo, akampokea, konstebo mmoja akamsindikiza hadi mlangoni.

Saa 8

Chakula. Hekalu hulisha kila mtu: wali, *sambar*, yaani mchuzi wa dengu wenye ukwaju, maharage mabichi ya kukaanga, vyote kwenye sahani ya karatasi. Nimekula nimekaa kwenye ukingo wa barabara na mwenzangu wa Bukavu, na mwanasheria mmoja mstaafu wa Madurai anayekuja kuwatembelea wajukuu.

Aliona mtandio wangu, akanisimulia jambo nisilolijua. India, alisema, polisi wana uwezo wa kudhibiti misafara tangu sheria yao ya polisi ya 1861, kifungu cha 30, na katiba yao, ibara ya 25, inalinda dini lakini chini ya utulivu wa umma, maadili na afya. Mahakama zikabishana miaka mingi juu ya ngoma za Wahindu kupita mbele ya misikiti. Hukumu iliyokuja kuwa msingi ilitolewa hapa hapa London, na Baraza la Faragha la mfalme, mwaka 1924: kila dini ina haki ya kupita barabara ya umma na msafara wake, mradi ifuate maagizo halali ya serikali na isikanyage haki za wapita njia wengine. Na kesi yenyewe, akasema, haikuwa ya Wahindu kabisa. Ilikuwa ya Mashia na msafara wao wa Muharram, wakipingwa na Masunni wa mji ule ule.

Kisha akanipa ya pili, polepole, akinitazama. Mwaka 2021 Mahakama Kuu ya Madras iliamua kesi ya kijiji cha V. Kalathur, wilaya ya Perambalur. Huko Waislamu ndio wengi, na walikuwa wakipinga misafara ya mahekalu kupita mitaa yao. Mahakama ikasema barabara haiwi ya dini moja kwa sababu ya wingi wa watu wake.

Nilinyamaza kidogo. Ami yangu aliwahi kuniuliza kwa simu, mtoto wa Lamu unafanya nini mbele ya masanamu? Nilimwambia nashika njia. Kwa maneno ya mwanasheria yule ningemjibu vizuri zaidi, na nitampigia Ijumaa.

Saa 9 na nusu

Gari limerudi mlangoni pa hekalu. Kona ya mwisho ndiyo ngumu, barabara ni nyembamba na kamba hazina nafasi ya kunyooka. Tuliondoa koni zetu zote, tukawasukuma watazamaji hadi kutani. Kabari kushoto, kabari kulia, inchi kwa inchi, karibu nusu saa. Lilipoingia, ngoma zilipandisha, kisha ghafla kimya, na nikasikia mtoto akilia mbali.

Sajenti alinipa mkono. Hakuna aliyekamatwa, aliyeumia zaidi ni mwenye kisigino kilichokatwa na kifuu. Wakaondoka.

Saa 11 jioni

Mafagio. Vifuu, petali, majivu, kamba za maua. Vijana wa hekalu wanafagia, sisi tunafagia, gari la maji la halmashauri linapita nyuma. Barabara haifunguliwi ikiwa na utelezi, hilo ni sharti la amri, na mwenye pikipiki wa kwanza ndiye angelilipia. Nimepiga magoti mara mbili kupapasa lami kwa kiganja. Mara ya kwanza iliteleza. Nikarudisha gari la maji.

Yule muuguzi alikuja kuchukua gari lake. Mzee amechomwa sindano, amekula. Alitaka kumshukuru ayya, lakini ayya alikuwa ndani, nikampelekea salamu. Kinyozi naye alikuwa amefungua mlango wote, watu watatu wamekaa kwenye benchi lake, mmoja ana majivu kwenye paji la uso.

Saa 12

Nimekata vifungo vya plastiki, nimeteremsha ile karatasi kwenye nguzo, nikaikunja. Mwenzangu akavuta kizuizi cha mwisho. Kwenye daftari nimeandika: barabara wazi, saa 12 na dakika 4. Basi la 207 likapita, taa zimewashwa, dereva akainua kidole kimoja kutoka kwenye usukani.